Mshahara Si Fadhila, Ni Deni

Muhtasari wa mahubiri ya Jumapili, ibada ya pili
Masomo: Yeremia 22:13–17, Luka 18:1–8, Luka 3:12–14



Wiki mbili zilizopita, baada ya ibada, ndugu mmoja aliningojea pale nje karibu na tangi la maji. Alikuwa na bahasha ya kaki mkononi. Ameniruhusu niseme habari yake bila kutaja jina lake wala kaunti anayofanyia kazi, kwa hivyo tafadhali tusianze kuangaliana tukikisia ni nani.

Ndugu huyu ni mtunza stoo wa serikali ya kaunti. Mafuta ya magari yalipotea, na yeye ndiye alikuwa na funguo. Akapewa barua ya kusimamishwa kazi kwa muda uchunguzi ukiendelea. Wale walio katika utumishi wa umma wanaijua barua hiyo. Unaambiwa ukae nyumbani, unalipwa nusu ya mshahara wa msingi, na nusu ile nyingine inazuiliwa mpaka kesi yako iamuliwe.

Alikaa hivyo miezi 19. Kijana wake akakosa muhula mzima wa shule kwa sababu ya karo. Mwenye nyumba akafunga mlango kwa kufuli lake. Mkewe akaanza kuuza mandazi kando ya barabara. Mwishowe kamati ya nidhamu ikakaa, ikamsikiza, ikaona hana hatia. Akapewa barua ya kurudi kazini, na barua hiyo inasema waziwazi kwamba atalipwa ile nusu iliyozuiliwa: Sh17,000 kwa miezi 19. Piga hesabu. Ni Sh323,000.

Tangu arudi kazini sasa ni miaka miwili na zaidi. Hajaona hata shilingi. Akiuliza anaambiwa bajeti haijapita. Bajeti ikipita, faili iko kwa mhasibu. Akienda kwa mhasibu, mhasibu amehamishwa.

Akaniuliza, "Pasta, nikienda kortini kudai hizo pesa, nitakuwa nimemkosea Mungu?"

Wapendwa, nilinyamaza kidogo. Swali hilo nilikuwa nimeulizwa tena miaka mingi iliyopita, na nikalijibu vibaya.

Mama niliyemwambia angoje

Kuna mama katika kanisa hili aliyefanya kazi katika hospitali ya umma. Alipoacha kazi alikuwa anadai malimbikizo ya mshahara. Naye pia ameniruhusu niseme. Alikuja kwangu na karatasi zake, nami sikuzifungua hata moja. Nilimwambia, "Mama, Mkristo hapelekani kortini. Mwachie Mungu. Tufunge siku saba." Tukafunga. Tukaomba. Nikamwambia angoje, naye akangoja, kwa sababu mtumishi wa Mungu amesema.

Baada ya miaka minne binti yake alimpeleka kwa wakili. Wakili akasoma zile karatasi, akasema, "Mama, dai lako lilikuwa zuri. Lakini umechelewa." Sheria ya Ajira ya mwaka wa 2007 inampa mfanyakazi miaka 3 ya kupeleka dai lake kortini. Ikipita, mlango unafungwa, hata kama haki ni yako kabisa.

Mama huyo hakunilaumu. Aliendelea kukaa kiti chake kilekile, safu ya tatu, na kutoa fungu la kumi la hicho kidogo alicho nacho. Juma hili lililopita nilienda kwake kumwomba msamaha. Aliniwekea chai, akacheka kidogo, akasema, "Pasta, serikali niliisamehe kitambo. Wewe ndiye ulinichukua muda."

Kwa hivyo leo sihubiri kama mtu ambaye siku zote alilijua neno hili. Nahubiri kama mtu aliyemgharimu dada yake haki yake kwa jibu la haraka. Na ninataka tujifunze mambo manne, ili mwingine asije akaumia kwa ajili ya mdomo wangu ama mdomo wako.

1. Mshahara ni deni, na Mungu anaona anayedaiwa

Katika Warumi 4:4 Paulo anaeleza jambo la wokovu, lakini anatumia mfano wa kazi. Anasema mtu aliyefanya kazi, ujira wake hauhesabiwi kuwa ni zawadi. Ni kitu anachodai. Wokovu tunapewa bure, haleluya! Mshahara hatupewi bure. Umeufanyia kazi. Na wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa.

Ukisoma Kumbukumbu 24:14–15, Mungu anaagiza kibarua maskini alipwe siku hiyohiyo kabla jua halijazama, kwa sababu roho yake yote iko kwenye huo ujira. Mungu anajua habari ya unga. Anajua kwamba usipolipwa leo, jioni kuna sufuria inayokungoja bila kitu. Na Yakobo 5:4 inasema ujira uliozuiliwa una sauti. Unalia. Kilio hicho kinafika masikioni mwa Bwana wa majeshi.

Mtu atasema, "Hayo ni ya tajiri na kibarua wake. Serikali ni kitu kingine." Fungua Yeremia 22. Mwajiri anayeshtakiwa pale ni mfalme mwenyewe, Yehoyakimu. Alijijengea nyumba kubwa, vyumba vya juu vyenye nafasi, madirisha, mbao za mwerezi, rangi nyekundu. Na waliojenga hakuwalipa. Mungu akamtuma nabii amwambie ole wako. Akamkumbusha baba yake, Yosia, ambaye naye alikula na kunywa kama mfalme, lakini alimtendea haki maskini na mhitaji. Mungu akasema huko ndiko kumjua yeye.

Mmeona? Mungu hakusema, "Huyo ni mfalme, mwacheni." Serikali ikifanyiwa kazi ina deni kama mtu mwingine yeyote. Hata Katiba yetu ya 2010, kifungu cha 41, inasema kila mfanyakazi ana haki ya kupata malipo yanayostahili. Sheria za nchi zinaposema hivyo, zimekubaliana na nabii Yeremia.

2. Kudai kwa njia ya haki si kukosa imani

Najua andiko ambalo wengine wanalo mkononi tayari: 1 Wakorintho 6. Lisome vizuri. Paulo anakemea ndugu na ndugu wa kanisa moja wanaoburutana mbele ya wasioamini, kwa mambo ambayo wazee wa kanisa wangeweza kuyaamua. Sasa niambie, kaunti ni mshirika wa kanisa gani? Wazee wetu wataiita serikali ofisini lini, waikalishe kiti, waiulize kwa nini haijalipa?

Paulo huyohuyo, kule Filipi, alipigwa hadharani bila kuhukumiwa na ilhali alikuwa raia wa Rumi. Asubuhi wakubwa wakataka kumtoa kimyakimya. Alikataa. Akasema waje wenyewe watutoe. Wakaja. Hiyo ni Matendo 16. Na katika Matendo 25, alipoona hatapata haki, alikata rufaa mpaka kwa Kaisari. Paulo alikuwa amejazwa Roho, ananena kwa lugha, anaponya wagonjwa, na bado alijua sheria inasemaje.

Halafu kuna yule mjane wa Luka 18. Yesu alipotaka kutufundisha tuombe bila kukata tamaa, alichagua mfano gani? Alichagua mwanamke anayeenda kortini. Hakimu hamchi Mungu wala hajali watu, na mama anaenda, anarudi, anaenda tena. Mimi nilimfundisha yule dada yetu nusu ya mfano huu. Nilimwambia aombe, nikamnyima miguu ya kwenda.

Kuna anayeuliza, "Na Mathayo 5:40? Yesu si alisema anayetaka kanzu yako umwachie na joho?" Ndiyo, alisema. Ukisukumwa na upendo uachilie kilicho chako, achilia, na Mungu akubariki. Lakini kanzu ya kuachilia ni yako mwenyewe. Mchungaji hana mamlaka ya kuachilia kanzu ya mshirika. Na baba anapoachilia mshahara, ajue anaachilia pia karo ya mtoto na jasho la mama anayeuza mandazi. Amwulize huyo mama kwanza.

Basi wacha niseme mambo ya kawaida, kwa sababu hekima pia ni ya Mungu. Mimi si wakili, na kila jambo lina upande wake, lakini haya niliyauliza kwa wanaojua.

Dai kwa maandishi. Ukienda ofisini kuuliza kwa mdomo, hakuna kumbukumbu. Andika barua, peleka nakala mbili, nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa, na tarehe ionekane. Weka hati zako za malipo, zile peslipu, barua ya kuajiriwa, barua ya kusimamishwa, barua ya kurudishwa. Usizifungie maharagwe.

Mfanyakazi wa kaunti asiyeridhika na uamuzi wa bodi ya utumishi wa kaunti anaweza kukata rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma. Korti inaweza kukuuliza kama ulipitia huko kwanza. Baada ya hapo kuna Mahakama ya Ajira na Leba. Kumbuka ile miaka 3. Kungojea majibu ya ofisi usidhani kunasimamisha saa. Walio polisi, jeshini na magereza, sheria hiyo ya ajira haiwahusu kwa njia hiyo, kwa hivyo tafuteni ushauri mapema. Na asiye na pesa ya wakili, kuna Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2016, iliyowekwa ili maskini naye asaidiwe. Uliza.

3. Usijilipe

Hapa nataka mnisikilize vizuri, hasa nyinyi mnaofanya kazi ya serikali.

Ndugu yetu aliporudi kwenye stoo, mwenzake mmoja alimwambia, "Wewe unasumbuka na barua za nini? Funguo si unazo? Jilipe." Mafuta yako pale. Dereva yuko tayari. Sahihi moja tu. Kwa hesabu ya kibinadamu hata si wizi, si ni pesa zake? Aliniambia kuna jioni alisimama mbele ya ile pampu muda mrefu, akiwaza kijana wake alivyokaa nyumbani muhula mzima. Kisha akafunga stoo, akaenda nyumbani kwa miguu kwa sababu hakuwa na nauli ya matatu.

Wapendwa, huo ndio ushuhuda. Hatuna haja ya kungoja pesa ziingie ndipo tupige makofi.

Watoza ushuru na askari walipomwendea Yohana Mbatizaji, Luka 3, walikuwa wafanyakazi wa serikali. Wakauliza, "Na sisi tufanye nini?" Yohana hakuwaambia waache kazi. Aliwaambia watoza ushuru wasitoze zaidi ya kilichoagizwa. Aliwaambia askari wasidhulumu mtu kwa nguvu wala kwa kumsingizia, na watosheke na mshahara wao. Kutosheka na mshahara ni kukataa kuongeza mshahara kwa mlango wa nyuma.

Nimegundua kitu. Mtu akidhulumiwa mshahara, Shetani humletea njia mbili. Ya kwanza ni kunyamaza, na katika kunyamaza kule uchungu unaota ndani mpaka anachukia kila mtu, na Mungu pia. Ya pili ni kujilipa: mafuta kidogo, risiti kidogo, chai kidogo kutoka kwa mwananchi aliye kwenye foleni. Anasema serikali inanidai, kumbe sasa yule mama aliyekuja kutafuta cheti cha kuzaliwa ndiye anayelipa deni la serikali.

Njia ya haki ni ya tatu. Unaandika barua. Unaenda mbele ya hakimu mchana, mikono ikiwa safi, unasema ninadai hiki na hesabu ni hii, haijazidi shilingi hata moja. Usiongeze miezi ambayo haipo. Usidai marupurupu ambayo hukustahili. Yakobo alipomjibu Labani katika Mwanzo 31, alikuwa na ujasiri wa kusema pekua vitu vyangu vyote, tafuta kilicho chako. Alikuwa amefanya kazi miaka 20, jua la mchana na baridi ya usiku, ujira ukibadilishwa mara kumi. Alikuwa na sababu ya kuiba, na hakuiba. Ndiyo maana alipofungua kinywa chake, Labani hakuwa na la kujibu.

4. Hukumu inaweza kuja kabla ya pesa

Sitaki kuwadanganya. Ndugu yetu ameshapeleka kesi yake, na hata akishinda, pesa zinaweza kuchelewa. Ukimshinda mtu wa kawaida kortini na akatae kulipa, dalali anaweza kuja kuchukua gari lake. Serikali haishikwi hivyo. Sheria ya Kesi Dhidi ya Serikali, Sura ya 40, hairuhusu mali ya serikali kukamatwa na kuuzwa, na kaunti nayo inalindwa vivyo hivyo. Unapewa cheti cha hukumu na korti, unakipeleka kwa ofisi inayohusika. Wakikaa kimya, unarudi kuomba amri ya kumlazimisha afisa anayesimamia pesa za idara alipe. Akiidharau amri hiyo, yeye mwenyewe anaweza kuitwa kujieleza. Mjane wa Luka 18 angeielewa safari hiyo.

Mnawakumbuka walimu waliostaafu kati ya 1997 na 2007. Nyongeza ya mshahara ilikubaliwa 1997, lakini pensheni zao zikahesabiwa bila hiyo nyongeza. Walikuwa zaidi ya 50,000. Walienda Mahakama Kuu kule Nakuru na wakashinda mwaka wa 2008. Miaka ikapita baada ya ushindi huo. Wengi wao walizikwa kabla ya kuiona haki hiyo. Walitufundisha kusoma na kuandika, halafu wakazeeka wakishika nakala ya hukumu.

Sasa mtu wa Mungu anashika nini katika kungoja huko? Anashika jambo moja ambalo hakimu hawezi kumpa na mhasibu hawezi kuzuia: Mungu ameona. Yakobo alisema hivyo kwa Labani, kwamba Mungu ameyaona mateso yangu na kazi ya mikono yangu. Dada yetu wa safu ya tatu hatapata hizo pesa tena hapa duniani, nami sitamfariji kwa maneno matupu. Lakini hajapoteza amani yake, na jina lake halijapotea mbele za Mungu.

Na mlinzi wetu je?

Nilipokuwa nikiandaa neno hili, Roho Mtakatifu aliniuliza swali ambalo sikulitarajia. Nilimpigia simu mweka hazina wa kanisa nikamuuliza, "Mlinzi wetu wa usiku amelipwa mpaka mwezi gani?"

Kukawa kimya kwenye simu.

Wapendwa, tulikuwa na deni la miezi miwili. Tulinunua spika mpya mwezi uliopita. Tunapiga kelele juu ya mbao za mwerezi za Yehoyakimu, na mzee anayelala nje akilinda spika zetu hajalipwa. Jumatatu alilipwa zote, na wazee wameamua kwamba kuanzia sasa mshahara wake utatoka kabla ya kitu kingine chochote.

Lakini sisi sote tujiulize. Yule msichana anayekusaidia nyumbani. Kijana aliyekulimia shamba ukamwambia "kesho". Fundi wa mlango. Usije madhabahuni kuomba Mungu aiguse serikali ikulipe, na jikoni kwako kuna mtu anayemwomba Mungu akuguse wewe.

Tuombe

Bwana, wewe unayesikia kilio cha ujira uliozuiliwa, wakumbuke watu wako wanaodai haki yao. Wape hekima ya kudai kwa wakati, mikono safi, na moyo usio na uchungu. Wape watawala wetu hofu ya jina lako. Utusamehe sisi wachungaji tuliotoa ushauri bila kusikiliza. Na utufundishe kulipa kabla jua halijazama. Katika jina la Yesu, amina.

Maswali ya ushirika wa nyumbani

1. Je, kuna mtu ninayemdai haki yangu, na ninanyamaza kwa imani ama kwa woga?

2. Je, kuna mahali kazini ninapojilipa kwa sababu nimedhulumiwa?

3. Ni nani ananidai mimi? Nitamlipa siku gani ya juma hili?